Mbwa wa Kambini Aandikwe Daftarini

Amri ya uhamisho inapofika kambini, kazi ya kwanza ya mkuu wa kambi ni kuhesabu. Huhesabu bunduki na risasi, mahema, vitanda, sufuria za jikoni, majembe, madumu ya maji na taa. Kila kitu huandikwa, na kila kilichoandikwa hutiwa saini mara mbili, na yule anayeondoka na yule anayeingia. Tangu nilipotoka chuo cha maafisa nimekwisha kutia saini hati za namna hiyo mara nyingi, wala sikumbuki kupoteza hata kijiko. Hata hivyo ipo hati moja ambayo kila niikumbukapo huona haya. Ni ile niliyoitia saini nilipokuwa luteni kijana, wakati tulipoiacha kambi yetu ndogo, ile tunayoiita detachi, katika gombolola ya Iyolwa, wilayani Tororo.

Hati ile ilikuwa na mistari arobaini na mmoja. Mmoja wao ulisema: "Taa ya kandili, moja, chemni imevunjika." Haukuwamo hata mmoja uliomtaja Karani.

Karani alikuwa mbwa. Alikuwa dume, rangi ya udongo wa kichuguu, na sikio lake la kushoto lilikuwa limekatika ncha. Askari walimpa jina hilo kwa sababu alizoea kulala mlangoni pa ofisi na kumtazama kila aingiaye kana kwamba anamwuliza shida yake. Hakuna aliyemleta. Alikuja mwenyewe akiifuata harufu ya maharage, kama wajavyo mbwa wa kambi zote, akapewa makoko ya posho, akabaki. Usiku alikaa na walinzi kwenye lindo, naye ndiye aliyekuwa wa kwanza kusikia nyayo za mtu katika mashamba ya mihogo. Nasema bila kutia chumvi kwamba wapo walinzi waliosinzia ambao waliepuka adhabu yangu kwa sababu mbwa yule aliwaamsha kabla sijawafikia.

Siku ya kuondoka alilifuata lori letu katika vumbi mpaka njia panda, kisha akasimama. Askari mmoja alimpungia mkono, wengine wakacheka, nami nilikuwa mbele karibu na dereva, hati yangu imo mfukoni, nikijiona afisa aliyekabidhi kambi bila upungufu.

Miezi minne baadaye nilipita Iyolwa kwa kazi nyingine. Mzee mmoja ambaye boma lake linapakana na kambi alinisimamisha, akanisalimu kwa heshima zote, kisha akasema, "Afande, mbwa wenu alimwuma mjukuu wangu."

Hakusema mbwa fulani. Alisema mbwa wenu.

Habari yenyewe ilikuwa hivi. Kikosi kilichoingia baada yetu hakikumjua Karani, na kwa nini kimjue? Kwao alikuwa mbwa koko aliyelala mlangoni pa ofisi yao, wakamfukuza kwa mawe. Akaanza kuzurura mabomani, akiiba mayai na kupigana na mbwa wenye kwao. Asubuhi moja alimwuma mtoto wa miaka minane mkononi, njiani kwenda kisimani. Vijana wa kijiji wakamkimbiza, wakampiga marungu mpaka wakamponda kichwa, wakamtupa kinamasini. Konstebo wa kituo cha polisi cha karibu alifika akauliza swali moja tu, ambalo ndilo lililostahili kuulizwa: mbwa huyu amechanjwa? Aliyeulizwa kambini alijibu kwamba mbwa si wao. Wala hakusema uongo. Na mimi, niliyekaa na mbwa yule miezi kumi na mmoja, kama ningeulizwa siku ile nisingekuwa na jibu, maana sikuwahi kujiuliza.

Konstebo yule, ambaye sitamtaja jina kwa kuwa hakuniomba nimtaje, aliagiza maji na sabuni, akauosha mkono wa mtoto muda mrefu mpaka mama yake akadhani anamtesa, kisha akawaambia waende hospitali siku ile ile. Mzee aliuza mbuzi wawili kwa ajili ya nauli na matumizi ya kukaa mjini, kwa kuwa sindano hizo haziishi kwa siku moja. Mtoto yu hai. Alinionyesha kovu lake, nusu kwa fahari na nusu kwa haya, kama watoto wafanyavyo mbele ya mtu mwenye sare. Lakini kama Karani alikuwa mgonjwa, au alikuwa na njaa tu na amechoka kupigwa mawe, hilo halitajulikana kamwe.

Ndugu zangu wa jeshi na wa polisi, nimeanza na habari hii ili asiwepo atakayedhani kwamba naandika juu ya mapenzi ya mbwa ya watu wa mijini, wanaowanunulia wanyama wao mito ya kulalia. Nasema juu ya wajibu. Mnyama aliyezoeshwa chakula na lindo la kambi amekuwa wa kambi, hata kama hakuna aliyeamua hivyo, na mwananchi wa jirani hukwisha kutuhesabia hata kabla sisi wenyewe hatujamhesabu.

Kichaa cha mbwa si ugonjwa wa kubahatisha. Virusi vyake hukaa katika mate ya mnyama mgonjwa, vikaingia mwilini kwa jeraha la meno, au kwa mate yanayogusa mchubuko, jicho au mdomo. Kutoka hapo hupanda polepole kwa njia ya mishipa ya fahamu kuuelekea ubongo. Safari hiyo kwa kawaida huchukua miezi miwili au mitatu, mara nyingine juma moja tu, mara nyingine hata mwaka. Ndiyo sababu jeraha la uso au la kichwa huogopwa zaidi, kwa kuwa njia yake ni fupi. Katika muda huo aliyeumwa hula, hucheza, huenda shule. Jeraha hupona na watu husahau. Siku dalili zinapotokea, homa, mwasho pale alipoumwa, koo kukakamaa na kuogopa hata kikombe cha maji, mambo yamekwisha haribika. Ni watu wa kuhesabika kwa vidole waliowahi kupona duniani kote.

Kabla ya siku hiyo, hata hivyo, ugonjwa huu hushindwa. Ulianza kushindwa tarehe 6 Julai 1885, Louis Pasteur wa Ufaransa alipomchanja mtoto Joseph Meister, mwenye umri wa miaka 9, aliyekuwa ameumwa na mbwa mwenye kichaa. Leo kazi ya kwanza haihitaji hata daktari: ni kuliosha jeraha kwa maji mengi na sabuni kwa dakika 15 kamili, kwa saa, si kwa kukisia. Maji yanayotiririka na sabuni huviondoa na kuviua virusi vilivyo juu. Halafu ni kituo cha afya siku hiyo hiyo, na kuzimaliza sindano zote kwa tarehe zake. Jeraha likiwa baya huongezwa dawa nyingine ya kinga inayodungwa mahali penyewe. Anayepaka majani, mafuta ya taa au pilipili, na anayelifunga jeraha kwa kitambaa akangoja, anapoteza siku ambazo hazirudi.

Pamoja na hayo yote, wataalamu wanakadiria kwamba watu wapatao 59,000 hufa kwa ugonjwa huu kila mwaka duniani, karibu wote katika Afrika na Asia, na kati ya kila kumi, wanne ni watoto wasiotimiza miaka 15. Karibu wote waliumwa na mbwa, si mbweha wala fisi, bali mbwa wa aina ya Karani, ambaye mtoto hamkimbii kwa kuwa alimwona jana na juzi akitikisa mkia. Majirani zetu wa Kenya wanao mpango wa taifa wa kuumaliza ifikapo 2030, waliouanza 2014. Mwaka huo wa 2030 ndio pia uliowekwa na mashirika ya dunia ya afya ya watu na ya wanyama. Sisi tunaokaa Tororo na Busia tunajua kwamba mpango wa upande mmoja wa mpaka hautoshi. Mtu husimamishwa Malaba aonyeshe kitambulisho, lori hufunguliwa turubai, ila mbwa hupita katika mtama usiku bila kuulizwa neno.

Sasa nije kwenye jambo ambalo najua litawaudhi baadhi yenu, nalo ni risasi. Tumezoea kwamba mbwa wakizidi, dawa ni kuwapiga. Mwananchi mwenyewe huja kutuomba, naye askari hufurahi kupata shabaha inayokimbia. Hesabu yake ni mbovu mara mbili.

Kwanza, ukimpiga risasi ya kichwa mbwa aliyemwuma mtu, umeharibu ushahidi. Ugonjwa huu huthibitishwa kwa kuuchunguza ubongo, na ubongo uliosambaratishwa hauna la kumweleza mtaalamu. Mbwa aliyeuma akiwa anaweza kufungiwa bila hatari, afungiwe mahali imara, apewe maji na chakula, na daktari wa mifugo amtazame kwa siku 10. Kama alikuwa na virusi katika mate yake siku ile alipouma, katika muda huo ataugua na kufa; kama yu mzima siku ya kumi, basi hakumwambukiza mtu. Lakini aliyeumwa asingoje siku hizo ndipo aende hospitali. Anaanza sindano mara moja, na habari njema ikija daktari huamua kuzikatiza. Mbwa ambaye dhahiri ana kichaa, anayetokwa povu, anayeuma mawe na miti, au anayekokota miguu ya nyuma huku taya limelegea, huyo sisemi abembelezwe. Auawe na mwenye amri ya kumwua, asipigwe kichwani, asiguswe kwa mikono mitupu, na daktari wa mifugo aitwe.

Pili, kuwaua mbwa ovyo hakuumalizi ugonjwa. Unapowaua, unawaua pamoja na wale waliochanjwa, na nafasi yao hujazwa upesi na watoto wa mbwa wasiochanjwa na wageni kutoka vijiji vingine. Katika kisiwa cha Flores, nchini Indonesia, ugonjwa ulipoingia mwaka 1997, serikali iliamuru mbwa wengi mno wauawe, na kichaa kikabaki. Linganisha na Pemba. Kule walichanja mbwa, kampeni baada ya kampeni, mpaka mwaka 2014 ugonjwa ukatoweka kisiwani. Mwaka 2016 ukaletwa tena kutoka ng'ambo. Wakarudi kwenye sindano, na kufikia mwisho wa 2018 ukawa umetoweka tena. Kiasi kinachotakiwa kinajulikana: mbwa saba katika kila kumi. Wakifikia hapo, mbwa mgonjwa hukosa wa kumwambukiza, na ugonjwa hufa pamoja naye. Risasi moja inamwondoa mbwa mmoja. Sindano moja inamweka mlinzi mmoja kati ya ugonjwa na watoto wa kijiji, kila siku, muda wa mwaka au zaidi. Askari yeyote aliyewahi kupanga walinzi anaelewa lipi lina faida.

Chanjo peke yake haimfanyi mbwa kuwa wa kambi kwa haki. Tazameni wenzetu wa polisi wenye mbwa wa kunusa. Mbwa wa kikosi kile ana jina, ana banda, ana kipimo cha chakula, ana askari mmoja anayejibu kwa ajili yake, na akiugua hupelekwa kwa daktari. Hakuna anayeliona jambo hilo kuwa upuuzi, kwa sababu yeye ni mali ya serikali. Lakini nyuma ya jiko la kituo kile kile utamkuta mbwa mwingine, mbavu zinahesabika, anafungwa kwa waya wa umeme mchana kutwa juani ili usiku awe mkali, na maji yake ni yale yaliyooshea sufuria. Hawa wawili wote hubweka kwa ajili yetu. Mbwa aliyefungwa siku nzima bila maji hawi mkali. Huwa mwenye hofu, na mbwa mwenye hofu humwuma mtoto wa sajini kabla hajamwuma mwizi.

Makombo ya jikoni yanatosha kumlisha, mradi yatolewe kwa saa moja iliyowekwa na mtu mmoja aliyewekwa, si kila anayepita kumtupia mfupa. Mifupa ya kuku iliyopikwa asipewe, kwa kuwa huvunjika kama sindano. Na pale mbuzi anapochinjwa kambini, maini na mapafu yenye malengelenge ya maji yasitupwe kwa mbwa. Wale waliotumika Karamoja, na jirani zao wa Turkana, wamewaona watu wenye matumbo yaliyovimba kwa uvimbe wa maji katika ini. Huo hutokana na tegu mdogo anayekaa katika utumbo wa mbwa, na mbwa humpata kwa kula nyama hizo mbichi. Mayai yake hutoka katika kinyesi, yakashika manyoya, na kutoka manyoya hufika mkononi mwa askari aliyempapasa mbwa kisha akala bila kunawa. Zifukiwe chini kabisa, au zichomwe. Ni kazi ya dakika chache kwa mpishi mwenye jembe.

Katika sehemu zetu hizi liko jambo jingine, ambalo mgeni kutoka Kampala halijui. Haikuwa bure kwamba Tororo ilichaguliwa kuwa makao ya taasisi ya Afrika Mashariki ya utafiti wa malale. Mbung'o wa vichaka vya Tororo na Busia humwuma ng'ombe, nguruwe, mbwa na mtu bila kubagua, na ng'ombe anayeonekana mzima huweza kuwa amebeba vijidudu vinavyomletea binadamu malale. Mbwa naye huugua. Hukonda, huvimba uso, na macho yake huingia ukungu kama kioo kilichopuliziwa pumzi. Nimewasikia askari wakisema mbwa wa namna hiyo amerogwa, au amezeeka ghafula. Mwiteni daktari wa mifugo, maana huyo mbwa huenda anawapa habari juu ya kichaka ambacho walinzi wenu hukaa kila jioni.

Halafu ni kuzaana. Jike mmoja wa kambini huzaa mara mbili kwa mwaka, na watoto wake hugawanywa katika mabweni kwa kicheko, na mwisho wao huujua kila mtu. Dume ahasiwe na jike afungwe uzazi, na daktari, kwa ganzi. Ile njia ya kisu na kamba sitaieleza hapa. Walioiona wanajua kwa nini.

Paka nimtaje kwa maneno machache, kwa kuwa yeye hujitunza kuliko sisi. Bohari lenye paka halihitaji sumu ya panya, na bohari linalotia sumu ya panya halitakuwa na paka kwa muda mrefu, kwa kuwa hula panya aliyekufa akafa naye. Chagueni kimoja. Naye achanjwe pia, kwa kuwa kichaa humpata.

Kuhusu kuku, nina neno kwa wenzetu wa polisi peke yao. Busia ni mji uliozaa boda boda, nao ulimwengu mzima umejifunza neno hilo kutoka kwenye mpaka wetu. Simameni asubuhi ya siku ya soko mtazame kinachoning'inia katika pikipiki na baiskeli hizo: kuku ishirini, thelathini, wamefungwa miguu, vichwa chini, midomo wazi, wakiburuzwa karibu na tairi kwa maili kadhaa. Nchi hii inayo sheria ya kuzuia ukatili kwa wanyama tangu mwaka 1957. Inakataza kumpiga mnyama kikatili, kumtwika kupita kiasi, na kumbeba kwa namna ya kumtesa bure. Kenya wanayo ya kwao. Sipendekezi kwamba mama anayepeleka kuku watatu sokoni awekwe rumande. Nasema kwamba konstebo anayemsimamisha mwenye pikipiki kwa kukosa kofia ngumu anaweza pia kumwambia awatie kuku wake katika tenga. Tenga husukwa pale pale sokoni, na kuku afikaye mzima huuzwa kwa bei nzuri kuliko maiti.

Najua nitajibiwa nini, maana nimekwisha kujibiwa katika mesi ya maafisa. Husemwa: mshahara wa askari haumtoshi yeye na watoto wake, wewe unamtaka alishe mbwa? Jibu langu ni kwamba simtaki afuge mbwa. Namtaka yule anayemlisha mbwa leo, kwa hiari yake, kwa sababu anamlinda usiku, asimkane kesho lori linapowashwa. Asiyeweza asianze. Ni bora mbwa afukuzwe siku ya kwanza kwa ustaarabu, mabaki ya chakula yafukiwe na uzio uzibwe, kuliko kuzoeshwa mwaka mzima na kuachwa.

Husemwa pia kwamba dini za baadhi yetu haziruhusu kukaa na mbwa nyumbani. Naam, na hilo liheshimiwe. Mbwa wa kambi asilale mabwenini wala asiingie mahali pa ibada. Lakini sijasikia dini iliyoagiza kwamba anyimwe maji.

Na mwisho husemwa kwamba mnyama ni mnyama, na vita havikupiganwa kwa mbwa. Hapa huwakumbusha Gulu. Yuko kule Francis Okello Oloya, aliyepofuka akiwa mtoto wa miaka 12 kwa bomu lililokuwa limefukiwa shambani. Alipokuwa shule ya bweni, mbwa wa pale ndio waliomsindikiza usiku kwenda chooni. Alipokua, yeye na shirika liitwalo BIG FIX walianza kuwaokota mbwa wasio na wenyewe, kuwachanja, kuwafundisha, na kuwakabidhi kwa watu ambao vita viliwaachia majinamizi na hofu. Wako waliolala usingizi wa usiku mzima kwa mara ya kwanza baada ya miaka, kwa kuwa kitu hai kilikuwa macho pembeni mwao. Askari aliyetoka Somalia au msituni haitaji kuelezwa zaidi. Na kama mnataka mfano wa cheo, upo wa panya. Jina lake Magawa, panya buku aliyefundishwa Morogoro kunusa mabomu ya ardhini, akapelekwa Cambodia, akavumbua mabomu zaidi ya 100. Mwaka 2020 shirika moja la wanyama la Uingereza lilimvisha nishani ya dhahabu. Alistaafu 2021, akafa Januari 2022 akiwa amepumzishwa kwa heshima. Ofisini kwangu nimelisimulia jambo hili mara nyingi, na daima yupo sajini anayeuliza kama panya yule alilipwa pensheni.

Basi ninachopendekeza ni kitu kidogo, ambacho jeshi na polisi wanakijua kuliko watu wengine wote nchini. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kila kambi na kila kituo kiwe na ukurasa mmoja wa wanyama katika daftari la vifaa. Uandikwe jina, rangi, jinsia, tarehe ya chanjo na tarehe ya kuirudia, na jina la askari mmoja anayejibu. Daktari wa mifugo wa wilaya apelekewe hesabu hiyo kabla ya kampeni ya chanjo, ili mbwa wa kambi wachanjwe siku moja na wa wananchi, na askari wasaidie kuwashika. Mwananchi akimwona koplo amesimama kwenye foleni na mbwa wake kwa kamba, ataleta na wake. Mbwa asiyeandikwa asilishwe. Na siku ya uhamisho mkuu wa kambi achague: ama anakwenda naye, ama anamkabidhi kwa jina kwa kikosi kinachoingia, ama anampa mwananchi aliyemtaka mwenyewe, pamoja na kadi ya chanjo. Pasipopatikana hata mojawapo, daktari wa mifugo aambiwe kabla lori halijaondoka.

Baada ya Iyolwa nimekabidhi kambi nyingine tatu. Katika ile ya mwisho, mstari wa kumi na tisa wa hati ulisomeka: "Mbwa, mmoja, jike, mweupe mwenye mabaka meusi, jina Kengele, amechanjwa, amefungwa uzazi, kadi imeambatishwa." Kapteni aliyekuwa akipokea alifika hapo akacheka sana, akaniuliza kama naye ana namba ya jeshi. Nikamwambia bado. Akaiweka kalamu mezani, akatoka nje kwenda kumtazama, kama alivyokwisha kwenda kuyatazama mahema, kisha akarudi akatia saini.